Prof Wetu na Mihogo Iliyokataa Kulainika

Nilivumilia mpaka pale kijana wa kampuni alipogonga ukuta wa parokia kwa kijiti chake na kusema: "Hapa hakuna muto."

Walikuwa wametuita ukumbini kutuonyesha ramani. Mashine ndogo ilikuwa inaitupa ukutani, kubwa, inang'aa. Mgodi wao ulipakwa rangi ya machungwa. Barabara zao nyekundu. Ziwa la Nzilo lilikuwa la buluu safi. Na pale mto wetu Kanyembe unapopita, kutoka kwenye uwanda wa majani wa juu mpaka kuingia ziwani, palikuwa peupe kama sahani iliyolambwa.

"Iko paka mufereji wa mvua tu," aliendelea. "Kiangazi inakauka. Sasa namna gani tutachafula kitu chenye hakiko?"

Nilikuwa nimesimama nyuma kabisa, binti yangu Ngalula mgongoni, beseni la mihogo kichwani. Nilikuwa nimetoka mtoni moja kwa moja. Mihogo ya kwetu ni michungu. Unailoweka mtoni siku tatu, siku nne, inalainika na kunuka, unaimenya kwa vidole, unaianika, unaitwanga, unapika bukari, ugali wetu. Isipolainika, sumu yake inabaki ndani na inamla mlaji. Hilo mtoto wa kwetu analijua kabla hajajua kusali. Na mihogo iliyokuwa kichwani pangu ilikuwa imelala majini juma zima.

Nilipita katikati ya viti. Watu walivuta miguu. Nikatua beseni juu ya meza ya kijana yule, maji yakamwagikia karatasi zake, nikachukua muhogo mmoja nikaugonga mezani. Ko. Ko. Ko. Ukumbi wote ulisikia. Ulilia kama jiwe.

"Juma muzima mu mayi," nikamwambia. "Kamata. Vunja na mikono yako."

"Mama, utulie kwanza."

"Nilishatulia. Nilitulia tangu mvua ya mwaka jana. Vunja!"

Hakuugusa. Wanawake wakaanza kucheka kile kicheko kisicho na furaha. Mimi nikageuka kumtafuta mtu mmoja tu. Alikuwa kwenye kiti cha mbele, kile cha heshima, amevaa jileti ya kampuni yenye mistari inayong'aa, kofia ya mgodi imekaa juu ya magoti yake kama kuku wa zawadi.

"Prof," nikasema, "ni weye ulitufundisha. Baambie. Kanyembe inakaukaka?"

Prof aliangalia viatu vyake.

"Prof!"

"Mama Ngalula," akajibu kwa sauti ya chini, "ikala kwanza."

Ikala kwanza! Eti nikae! Hapo ndipo kamba ilikatika. Haikukatwa na yule kijana. Yeye ni mgeni, kazi yake ni kusema yale aliyotumwa kusema. Ilikatwa na mzee aliyenifundisha kwamba mto ule una chanzo, una mwendo, una mdomo na una historia, na sasa alikuwa amenyamaza mbele ya watu wanaosema haupo. Nilimtukana. Maneno niliyoyasema sitayaandika, kwa sababu palikuwa parokiani. Lakini nataka mjue alikuwa mtu gani, ndipo mtajua hasira yangu ina ukubwa gani.

Kwanza, alikuwa mtu wa kravati, yaani tai. Alifundisha jiografia na historia kwenye shule yetu ya sekondari, shule yenye madirisha bila vioo, na hakuna siku tuliyomwona bila kravati. Alikuwa nazo mbili, ya kahawia na ile tuliyoiita ya Pasaka. Hata siku ya kutembea mto alivaa. Suruali imekunjwa mpaka magotini, viatu vimefungwa kwa kamba zake na kuning'inia shingoni, na katikati ya viatu hivyo, kravati.

Siku ya kutembea mto ilikuwa desturi yake, wala haikuandikwa kwenye programu yoyote ya serikali. Kila mwaka, mwezi wa kumi, jua likiwa limechoma nyasi zote na mvua haijafika, alichukua darasa zima la nne na kulipeleka Kanyembe. Tulianza alfajiri kwenye chanzo, tulimaliza jioni Nzilo. Wazazi walilalamika. Prefe, mkuu wa shule, alilalamika zaidi: "Prof, utapeleka batoto ya batu wapi na hii jua?" Yeye alijibu vilevile kila mwaka:

"Mutu unamujua siku ya njaa. Muto pia. Ukiuona wakati wa mvua, umeona paka mafuta yake."

Ndiyo maana nilipomsikia kijana wa kampuni anasema eti kiangazi unakauka, nilihisi kama mtu ananitemea mate. Nimeutembea mto huo katika njaa yake. Ulikuwa mwembamba, ndiyo, pengine ningeuruka. Lakini ulikuwa unakwenda.

Alikuwa na jambo moja la kuchekesha: aliogopa maji. Hakujua kuogelea. Mahali pa kuvuka juu ya mawe alisimama kwanza, akakohoa, akaita wasichana wawili wenye nguvu wamshike mikono, huku na huku, na akavuka amefumba macho akiendelea kufundisha. "Hapa, batu bakubwa, mwendo wa mayi unaongezeka juu... mushike vizuri, batoto, mushike... juu ya muteremko." Sisi sote alituita watu wakubwa, ila akiogopa tuligeuka watoto. Na maji ya Kanyembe hakuyanywa hata siku moja. Mkewe aliyachemsha mara mbili na kuyachuja kwa kitambaa. Tulipomuuliza vipi anaupenda mto asioweza kuunywa, alisema, "Mama-mukwe wangu ninamupenda vilevile. Kwa mbali."

Kwenye kilima kimoja juu ya mto alitusimamisha tuokote mawe meusi yenye mapovu, mepesi kuliko yanavyoonekana. Yalikuwa mabaki ya kuyeyusha shaba. Wazee wa zamani, alisema, kabla ya reli, kabla ya mzungu, walijenga tanuru hapa kwa udongo wa kichuguu, wakachoma mawe ya kijani, wakatengeneza misalaba ya shaba iliyotembea mpaka Musumba, kwenye makao ya mfalme, na kupita. Mawe hayo ya kijani wanawake waliyaosha humu mtoni, kwa vikapu. "Muto huu unajua shaba kuliko weye," alimwambia mvulana mmoja aliyekuwa anataka kuacha shule akachimbe. "Umeosha shaba myaka na myaka, na mihogo ililainika. Muulize ni juu ya nini." Prof mwenyewe hakutuambia jibu. Aliondoka na kutuacha na swali. Alipenda sana kufanya hivyo. Niliudhika wakati ule. Leo jibu ninalo: wazee wale waliosha kwa kikapu na mikono, na walikula kutoka mto huohuo walimooshea.

Chini ya reli inayokwenda Mutshatsha mto unapita kwenye tundu la saruji, unainama kidogo, unatokea upande wa pili. Hapo Prof alikasirika kila mwaka, upya, kana kwamba ni mara ya kwanza. Waliojenga reli walipofika kwetu hawakuuliza jina. Kwenye karatasi zao tundu lile lina namba ya kilometa tu. "Mutu anapita juu yako na treni, hata jambo hakukuambia!" Aligonga saruji kwa fimbo. Tulicheka. Alikuwa na ndoto moja, na aliisema hadharani bila aibu: kabla hajafa aione Kanyembe imeandikwa kwenye ramani, kwa herufi ndogo za buluu zinazofuata mgongo wa mto. Aliandikia wizara. Aliandikia maaskofu. Aliwahi kumwandikia mtengenezaji wa kalenda. Hakujibiwa.

Ilibidi tuchore ramani wenyewe, basi. Na katika ramani ya Prof mashimo ya mihogo yalikuwemo.

Hili linahitaji maelezo kwa wasiotoka kwetu. Ndani ya mto, pembezoni ambapo maji yanatulia, kila mwanamke ana shimo lake lililozungushiwa mawe. Humo ndimo analoweka mihogo. Shimo linarithiwa. Langu nilipewa na mama-mkwe, yeye alipewa na mama-mkwe wake, aliyelichimba alipoletwa bibi arusi. Hakuna mwizi anayegusa shimo la mwingine; atafukuzwa kijijini. Prof aliyachora yote ubaoni, moja moja, akaandika majina ya wanawake walioyachimba. Wavulana walikufa kwa kicheko. Jiografia ya mihogo! Prof alingoja wamalize.

"Leo asubui mulikula nini?"

"Bukari, Prof."

"Basi hii njo mji mukubwa wa hii inchi yenu. Andikeni."

Sikuwahi kumsikia mwanaume mwingine yeyote akiita shimo la mama yangu mji mkuu.

Tukishuka kupita reli, mbali kidogo, kulikuwa na mahali tulipopangoja mwaka mzima. Prof alipaita Mlango. Mto unaingia kwenye kichaka kizito, unakutana na miamba, na unamezwa. Unasimama juu ya ardhi kavu na kusikia maji yanaongea chini ya nyayo zako. Prof alimpa kila mmoja wetu ua jekundu alilochuma njiani. Tulitupa maua yetu kwenye kinywa cha mwamba, kisha tukakimbia, darasa zima, makelele, tumeshika viatu, tukashuka kilima hadi pale mto unapotokea tena, juu kidogo ya mashimo ya mihogo. Tukakaa. Tukangoja. Ua la kwanza lilipotokea, aliyeliona alipiga kelele kama amejifungua. Yeye Prof alifika mwisho, anahema, kravati imegeukia mgongoni, na swali lake lilikuwa lile lile: "Sasa munajua kitu gani?" Ilitupasa kujibu kwa pamoja: "Kile kinaingia kule, kinatokea huku!"

Shikeni hilo. Nitalirudia.

Nisiseme alikuwa malaika. Alipiga wavulana kwa matete aliyokata mtoni, na alichagua matete mabichi. Alijisifu. Alikuwa na kinyongo kirefu kama reli yenyewe; padri mmoja aliyesema Kanyembe ni kijito hakusalimiwa tena na Prof mpaka alipohamishwa. Chaki aliibana, kila kipande alikitumia mpaka kucha zake zikakwaruza ubao. Lakini maarifa hakuyabana hata kidogo, na hapa ndipo ubaya wote ulipotoka. Mtu huyo hakuweza kumkatalia mwanafunzi. Yeyote aliyeuliza swali juu ya mto alikuwa mwanafunzi. Mwuza makaa mmoja kutoka Mutshatsha alisimamisha baiskeli yake mlangoni kwa Prof kuuliza njia ya soko. Alitoka jua limeinama, soko limefungwa, anajua mwendo wa Lualaba mpaka baharini. Mke wa Prof alisimama uani akipiga makofi ya kukata tamaa: "Mutu aliomba njia, bwana! Njia tu!" Wachimbaji vijana waliotoka pande zote za nchi, wenye vumbi la kijani hata kwenye kope, aliwaketisha barazani na kuwachorea ardhini. Wengine walimdhihaki. Hakuona. Mtu akisema "na kisha?" kwa Prof ilitosha.

Mimi mwenyewe nina deni naye, na deni hilo ndilo lililonipa hasira mara mbili. Mwaka wa mtihani wa serikali nilikuwa na mimba ya mtoto wangu wa kwanza, imesimama mbele kama ngoma. Prefe alitaka nibaki nyumbani nisiaibishe shule. Prof alikuja kunichukua mwenyewe, kravati ya Pasaka, akatembea na mimi hadi mlango wa kituo cha mtihani. Msimamizi akaangalia tumbo langu.

"Na huyu?"

"Huyu anaandika."

"Na ile hali yake?"

"Tata, tumbo haishikake kalamu. Muache apite."

Nilipita. Diploma yangu iko ndani ya bahasha, juu ya kabati. Bila yeye nisingeweza kuandika hata mashitaka nitakayowaonyesha mwishoni.

Sasa maji. Baada ya mvua ya mwaka jana Kanyembe ilianza kuwa safi. Nasema kweli: safi. Zamani maji yake yalikuwa ya rangi ya chai ya watoto. Ghafla yakawa meupe kama kioo, unahesabu mawe chini. Na tulifurahi! Hiyo ndiyo inayonichoma. Tuliimba. Mama mmoja alisema sala za parokia zimejibiwa. Wale waliokuwa wanaloweka mihogo kwenye vidimbwi vya pembeni walirudi haraka kwenye mashimo yao ya zamani ili wapate hayo maji mazuri. Hatukujiuliza vyura wamekwenda wapi. Hatukujiuliza kwa nini sabuni inakataa kutoa povu.

Kisha mihogo ikakataa kulainika. Siku nne, siku tano, migumu. Tukalaumu mbegu. Vipando vya mwaka huo vililetwa na shemeji zetu kutoka Kapanga, basi tukasema ni mbegu mbaya, na wengine wakasema shemeji ndio wabaya. Mama-mkwe wangu aling'oa shamba zima, akalia kila shina. Wengine walisema tusubiri kidogo zaidi, wengine wakasema njaa haisubiri. Wakamenya kwa kisu, wakaanika, wakatwanga. Tukala. Bukari ilikuwa chungu. Tukaongeza sombe, mboga ya majani ya mihogo, kuficha uchungu.

Ngalula wangu alitapika siku ile, akatapika tena juma lile. Mwisho wa mwezi aliamka asubuhi, akataka kusimama, miguu ikakataa kunyooka. Leo anatembea juu ya vidole, magoti yanagongana, kama mtu anayepita kwenye majivu ya moto. Hajafika hata miaka minne. Muuguzi wa zahanati alinishika mkono.

"Mama, hii ni mihogo."

"Niliiloweka!"

"Haikuiva mu mayi. Usimupe tena."

"Na miguu yake itarudia?"

Alianza kupanga chupa zake.

Nilirudi nyumbani nikagawa mihogo ya shamba moja mafungu mawili. Fungu moja nikalipeleka mtoni kwenye shimo langu. Fungu la pili nikaliweka kwenye ndoo ya maji ya kisima cha parokia. Ya ndoo ililainika kama inavyopaswa, ikanuka uzuri wake wote. Ya mtoni ndiyo ile niliyoigonga mezani. Sasa mnaelewa nilikuwa na nini kichwani siku ile, na mtu gani aliniambia ikala kwanza.

Juma moja baada ya mkutano nilikwenda kwake. Sikwenda kuomba msamaha. Nilikwenda kumalizia matusi.

Alikuwa amekaa barazani, miguu ndani ya beseni la maji ya moto, magoti yamevimba. Ile jileti ya kampuni ilikuwa kwenye kamba ya nguo, imefuliwa. Mkewe aliponiona alimchukua Ngalula mikononi mwangu bila neno, akaenda naye jikoni. Prof alimfuata mtoto kwa macho mpaka mlangoni. Aliiona miguu.

"Unakuya kunitukana tena?"

"Ndiyo, Prof."

"Ikala, utukane vizuri."

Nilibaki nimesimama. Nikamuuliza walimpa nini. Walimpa nini hata akauza mto wetu kwa kofia na jileti?

"Hakuna feza walinipa," akasema. "Ingekuwa heri wangenipa. Mwizi anajua aliuza nini." Alisugua goti. "Walikuya batu batatu. Vijana. Bako na vile vyombo vyao vya kupima. Wakasema: Prof, tunasikia ni weye unajua Kanyembe. Tunataka tuiweke kwa ramani."

Nikakaa kwenye ngazi ya baraza.

"Kwa ramani, mama. Nikavaa kravati. Nikatembea nao, na haya magoti, kutoka chanzo mpaka Nzilo. Siku mbili, sababu sikuweza tena siku moja. Wananishika mikono kwenye mawe. Na waliuliza! Hakuna darasa lilikwishaniuliza vile. Hapa upana ni gani? Huku nani anaishi? Mayi yanaingia wapi? Walikuwa wanafunzi wazuri, mama. Wazuri kupita nyinyi wote."

Nilianza kusikia baridi, jua lile lote.

"Uliwapeleka Mlangoni."

"Niliwapeleka Mlangoni."

"Ukawapa maua."

Alifunika uso. "Nikawapa maua. Wakatupa, tukashuka, tukangoja. Maua yakatokea. Wakapiga mikono. Mukubwa wao akaniuliza: Na huku katikati, mutu hawezi kuona kitu? Nikamujibu: Hapana, hata muvuvi hajue. Kile kinaingia kule, kinatokea huku. Akaandika."

Jikoni Ngalula alikuwa anacheka na mke wa Prof kwa kitu fulani. Sisi wawili tulisikiliza kicheko kile kama watu waliofiwa.

"Bomba yao ya kumwanga mayi machafu iko pale, Prof?"

"Siku ya mukutano nilikuwa sijue. Nilikuwa ningali nangoja ramani yangu. Wakati uligonga ule muhogo njo nikajua. Palepale, kwa kiti. Sikuweza kufungua kinywa, sababu kingefunguka, kingesema ni mimi."

Mngependa niseme nilimsamehe. Sikumsamehe, na bado. Nilimwambia: "Mutoto wangu hatembee, weye unachagua namna ya kufungua kinywa." Aliyapokea maneno hayo. Alitoa miguu yake majini, akaikausha polepole, akasema, "Uende uone na macho yako. Kisha ukiandika mashitaka, uniandike. Usinifiche. Andika kama njo mimi niliwaonyesha."

Nilikwenda na wanawake wawili wenye mashimo karibu na langu. Kichaka cha Mlango kimezungushiwa waya. Tulipita chini. Bomba lipo, nene kama paja la mwanaume, limefunikwa kwa matawi yaliyokauka, na mdomo wake umeingizwa kwenye kinywa cha mwamba, palepale tulipotupa maua. Linatapika maji meupe kama kioo. Nyasi zote kando yake zimeungua. Mlinzi alitoka mbio anafunga mkanda.

"Ba mama! Huku hamna ruhusa! Munatafuta nini?"

"Tunatafuta muto," mmoja wetu alimjibu. "Banasema hauko. Saidia kutafuta, mwanangu, uko na macho mazuri."

"Tokeni!"

"Na weye mama yako analowekaka wapi?"

Hakutufukuza tena. Alisimama tu mpaka tulipoondoka.

Nilipeleka mashitaka yangu, Ngalula mgongoni, kwenye ofisi ya teritware, serikali ya eneo letu. Karani alisoma mstari wa kwanza, akayarudisha kwa kidole kimoja.

"Plente ya mashitaka inaandikwaka mu Kifaransa."

"Mutoto wangu anaumwa mu Kiswahili."

"Na hapa, mahali pa tukio. Kanyembe. Iko kwa ramani gani?"

Kabla sijajibu, mlango wa nyuma yangu ulilia. Prof alikuwa ameletwa na pikipiki, anahema, kravati ya Pasaka imekaa sawa. Hakunisalimia, wala mimi. Aliegemea meza kwa mikono yote miwili.

"Kijana," akasema, "leo asubui ulikula nini?"

Karani alimwangalia, akaniangalia mimi, akaangalia miguu ya Ngalula. Akavuta muhuri wake. Nilichoandika ni hiki, pamoja na mstari wa sahihi ya Prof niliouongeza palepale:

*Kwa Bwana Msimamizi wa Teritware.*

*Mimi, mama wa Ngalula, mlimaji wa mihogo, ninashitaki kampuni inayochimba juu ya kilima chetu.*

*Mahali pa tukio ni mto Kanyembe. Unaanzia kwenye majani ya juu, unapita chini ya reli ya Mutshatsha, unaingia ardhini Mlangoni, unatokea juu ya mashimo yetu ya mihogo, unaishia ziwa la Nzilo. Haukauki. Mwezi wa kumi ni mwembamba, lakini unakwenda. Nimeutembea wote kwa miguu. Wanaosema haupo waliutembea pia, na waliujua vizuri kabla ya kuufuta.*

*Kampuni imeingiza bomba Mlangoni kwa siri. Kinachoingia kule, kinatokea huku. Mihogo iliyolowekwa kwenye ndoo ya maji ya kisima ililainika. Ya shamba lilelile iliyolowekwa mtoni haikulainika. Tuliila kwa kuwa hatukujua. Binti yangu hawezi tena kukanyaga kwa kisigino, na si yeye peke yake kijijini.*

*Shahidi wa kwanza ni profesere wa jiografia, aliyestaafu. Ndiye aliyewaonyesha Mlango. Ameomba hilo liandikwe na lisifutwe. Yupo hapa, anatia sahihi mbele yenu.*

*Ninaomba bomba litolewe. Ninaomba watoto watibiwe na wenye bomba. Ninaomba jina la mto liandikwe kwenye ramani yenu, kwa kalamu isiyofutika.*

*Mkituma mchunguzi, asije na karatasi ya kampuni. Aje na mihogo michungu, aichague yeye mwenyewe, sokoni anakotaka. Nitamwonyesha shimo langu. Ailoweke humo kwa mikono yake, akae kando yake mpaka ilainike. Ikilainika, nitamtwangia, nitampikia bukari, na yeye atakula mbele yetu, kijiji chote kikiangalia. Akimaliza sahani, nitafuta mashitaka haya.*